Wakuu, Mafia wa New York walikuwa na fedha kweli, au fedha ilikuwa ya bosi peke yake?

#1 Kaunda_Suti
Habari zenu. Nina hoja, nipingeni kwa hesabu na si kwa sinema.

Zile familia tano za New York (Genovese, Gambino, Lucchese, Colombo na Bonanno) watu wakizitaja wanaona suti, Cadillac na bahasha nene. Ukiutazama muundo wake unaona kitu kingine. Juu yupo bosi, pembeni yake naibu na mshauri, chini makapteni, chini yao askari walioapishwa, na nje ya uzio kuna washirika, ambao wengi hawataapishwa kamwe kwa sababu si Waitaliano. Mshahara hakuna, pensheni hakuna. Askari anajitafutia: kamari, mikopo, malori ya kuteka, chochote. Akipata, fungu linapanda kwa kapteni, na kwa kapteni linapanda kwa bosi. Asipopata ni shauri yake. Akipata akaficha, anazikwa.

Nasema kwa askari wa kawaida kazi ile ilikuwa hasara. Sasa mbona vitabu vilifungwa kuanzia 1957 hadi 1976, watu hawaapishwi, na bado walisubiri mlangoni miaka yote hiyo?

#2 Ngosha_wa_Town
Nimevuta kigoda. Wenye nondo washushe.

#3 Riba_Juu_ya_Riba
Mleta uzi, umeeleza fedha inavyopanda, hujaeleza inavyoshuka. Bosi ana fedha taslimu ambayo hawezi kuipeleka benki. Anamkopesha kapteni kwa asilimia 1 kwa wiki. Kapteni anampa askari kwa 1.5 au 2. Askari anaitoa mtaani kwa 3 mpaka 5, na kwa mikopo midogo ilikuwa "chukua 5 rudisha 6" ndani ya wiki, yaani asilimia 20.

Chukua mtu wa duka aliyekopa dola 10,000 kwa asilimia 3. Kila wiki anatoa 300, na hiyo 300 haipunguzi deni hata senti. Mwaka ukiisha ametoa 15,600 na bado anadaiwa 10,000 zilezile. Kama mtaji umetoka juu kwa asilimia 1, askari anabaki na 200 kwa wiki kwa mteja mmoja. Akiwa na wateja 15 wa namna hiyo anaishi vizuri kuliko dereva wa lori.

Tatizo ni mteja akikimbia. Deni la mteja limekufa, la askari kwa kapteni halifi. Ndiyo maana mdaiwa hauawi ovyo, maana maiti hailipi. Anapigwa, anatishwa, mwisho duka lake linachukuliwa: mshirika anaingizwa kama "mbia", bidhaa zinakopwa kwa jina la duka na kuuzwa nusu bei, halafu duka linafilisiwa au linaungua.

#4 Fundi_Zege
Riba ni fedha ya mtaa. Fedha yenyewe ilikuwa kwenye ujenzi, na sisi wa zege tunaelewa kwa nini.

Zege likishachanganywa na maji una kama dakika 90 za kulimwaga. Gari likisimama getini kwa sababu wafanyakazi wameweka koleo chini, mzigo unaganda ndani ya pipa na sakafu ya ghorofa inabaki na kiungo kibovu. Kwa hiyo anayekishika chama cha wafanyakazi wa zege hana haja ya bastola, anahitaji mgomo wa asubuhi moja tu. Ralph Scopo, rais wa baraza la vyama vya vibarua wa zege New York, alikuwa mtu wa Colombo.

Utaratibu wao mwanzoni mwa miaka ya 1980: kazi ya zege iliyozidi dola milioni 2 hapo Manhattan haikugombewa. Kamisheni, yaani baraza la mabosi wa familia hizo, iliamua nani anashinda, wengine waliandika bei za juu za kusindikiza, na mshindi alirudisha asilimia 2 ya mkataba. Mkataba wa milioni 10 unatoa 200,000, zinagawanywa familia tano. Mkandarasi wala hakulia, aliiongeza kwenye bei na aliyelipa ni mwenye jengo.

#5 Binti_Chwaka
Fundi, gawanya kwa nne. Bonanno hawakuwemo kwenye mgao wa zege. Walikuwa wametolewa kwenye Kamisheni baada ya kugundulika kwamba mtu waliyemzoea kwa jina la Donnie Brasco alikuwa Joseph Pistone wa FBI, aliyekaa nao tangu 1976 hadi 1981. Walikuwa karibu kumpendekeza aapishwe!

Uzuri wa bahati: kesi ya Kamisheni ilipofika 1985, familia iliyotengwa ndiyo iliyopata hasara ndogo.

#6 Fundi_Zege
Kwa nne ni 50,000 kila moja. Bado ni nyingi kwa simu moja.

#7 Mzee_wa_Feri
Hoja ya muda ya Fundi namba 4 iko hata kwenye samaki. Soko la Fulton pale Manhattan lilifanya kazi usiku. Lori linatoka mbali na samaki kwenye barafu, na dereva haruhusiwi kushusha mwenyewe. Lazima wapakuzi wa pale washushe, kwa bei yao na kwa foleni yao. Ukibishana unawekwa mwisho, na saa tisa usiku wanunuzi wameshaondoka. Mnunuzi naye hakuegesha gari bure. Alilipa "walinzi" kwa kuegesha kwenye barabara ya jiji, mali ya umma. Joseph Lanza wa Genovese alilishika soko hilo tangu enzi ya kupiga marufuku pombe, na jiji likaja kuweka sheria ya kulisafisha mwaka 1995.

Angalieni biashara walizozishika: zege, samaki, nguo za msimu, mizigo ya ndege, taka. Kila moja ni kitu kisichosubiri.

#8 Kaunda_Suti
Sawa, lakini bado mnanipa fedha ya bosi. Asilimia 2 ya zege haikufika kwa kijana wa Bensonhurst anayekusanya vikaratasi vya kamari.

#9 Hesabu_za_Kichwani
Basi tuingie kwenye hivyo vikaratasi.

Kamari ya namba: unachagua tarakimu tatu, 000 mpaka 999. Nafasi yako ni 1 kwa 1,000. Ukipatia, unalipwa 600 kwa 1. Namba ya ushindi walitafuta ambayo kila mtu angeiona gazetini asiseme amedhulumiwa. Mwanzoni hesabu za malipo kati ya mabenki, baadaye tarakimu tatu za mwisho za jumla ya fedha zilizochezwa uwanja wa farasi.

Kwa kila dola 1,000 zilizokusanywa, wastani 600 zinarudi kwa washindi. Zinabaki 400. Mkusanyaji wa mtaani anachukua kama robo ya makusanyo, yaani 250, na mshindi humpa bakshishi juu yake. Zinabaki 150. Humo ulipe msimamizi wa wakusanyaji, chumba cha kuhesabia, mwanasheria, dhamana, na polisi. Faida ni nyembamba, inategemea wingi.

Kinachoua benki, yaani mwenye kuendesha mchezo na kulipa washindi, ni namba inayopendwa. Ikitokea ajali ya ndege, watu wote wanacheza namba ya ndege hiyo. Ikitoka, benki imekwisha. Kinga zilikuwa mbili: namba zinazopendwa zilitangazwa mapema kuwa zinalipwa pungufu, na mwenye benki aliyeona mzigo umezidi alipeleka sehemu ya dau kwa benki kubwa zaidi. Hapo ndipo wenye mtaji mkubwa walipowameza wadogo. Jambazi Dutch Schultz aliingia Harlem mwanzoni mwa miaka ya 1930 hivyohivyo, bunduki mkono mmoja na mkopo mkono mwingine, na Stephanie St. Clair, mwenye benki ya namba pale Harlem, akawa katika wachache waliomkatalia hadharani. Schultz alikuwa na mtaalamu wa hesabu, Otto Berman, aliyekuwa akiweka dau la dakika za mwisho uwanjani ili jumla ibadilike na namba yenye mzigo isitoke.

Wote wawili walipigwa risasi usiku mmoja, Oktoba 23, 1935, mgahawani Newark.

#10 Ngosha_wa_Town
Yaani mtu anajua kuhamisha namba ya uwanja mzima wa farasi, halafu hakujua atokee mlango gani.

#11 Afande_Mstaafu
Namba 9 amegusa polisi akapita haraka. Tume ya Knapp iliyochunguza polisi wa New York ilitoa ripoti yake 1972 na kuweka viwango wazi. Wenye kamari walilipa kila mwezi, na askari kanzu kila mmoja alipata mgawo: dola 300 hadi 400 katikati ya Manhattan, mpaka 1,500 Harlem. Anayehamishiwa kituo kipya alisubiri miezi miwili kwanza ili wamchunguze, na akiondoka alilipwa miezi miwili baada ya kuondoka. Wenyewe waliwagawa wenzao mafungu mawili: wala majani, wanaopokea kinachowajia, na wala nyama, wanaotoka kukiwinda.

Linganisha na mshahara wa polisi wa wakati ule uone kwa nini kamari ilidumu.

#12 Binti_Chwaka
Na linganisha na askari wa Mafia aliyekuwa akilipa hiyo bahasha. Polisi alipata 1,500 bila kuogopa kuzikwa. Hapo Kaunda Suti ana pointi.

#13 Kisiki_cha_Mpingo
Kwenye hatari mmetaja risasi kama mvua, kumbe kuna mpangilio wa nani anakufa. Nauona hivi: waliokufa zaidi ni waliohusika na fedha nyingi kwa mara moja. Mfano ni wizi wa shirika la Lufthansa uwanja wa ndege wa JFK, Desemba 11, 1978. Takriban dola milioni 5 taslimu na vito vya 875,000. Ulianza na mfanyakazi wa shirika lenyewe, Louis Werner, aliyekuwa na deni la kamari. Kazi ilikwenda sawa. Kilichoharibu ni gari lililotumika: Parnell Edwards alitakiwa kulipeleka likapondwe chuma chakavu, yeye akaliacha mtaani Brooklyn. Polisi wakalikuta baada ya siku mbili na alama za vidole. Ilipofika Desemba 18 Edwards ameshauawa, na miezi iliyofuata wengine kadhaa wakaondoka mmojammoja.

Jimmy Burke aliyesimamia kazi hakuwa ameapishwa, asili yake ni Muairishi. Kila aliyekufa alipunguza shahidi mmoja na mgao mmoja. Polisi walimpata Werner tu, hakuna mwingine aliyewahi kusimama mahakamani kwa wizi ule.

#14 Mwanasheria_wa_Mtaa
Namba 13, sentensi yako ya mwisho irekebishwe. Vincent Asaro wa Bonanno alishtakiwa 2014 kwa wizi huo, miaka 35 baadaye, na wazee wa baraza wakamwachia Novemba 2015. Werner ndiye pekee *aliyetiwa hatiani*.

#15 Kisiki_cha_Mpingo
Asante mwanasheria. Aliachiwa lakini, kwa hiyo gereza halikuongezeka mtu.

#16 Kaunda_Suti
Na mabosi je? Castellano wa Gambino alipigwa risasi pale mgahawa wa Sparks akitoka kula nyama, Desemba 1985. Utajiri wote ule, nyumba ya vyumba 17 juu ya kilima Staten Island, na bado.

#17 Binti_Chwaka
Hakula. Ndiyo kwanza alikuwa anashuka kwenye gari kuingia, Desemba 16, yeye na dereva wake Thomas Bilotti.

Sababu ndiyo patamu. Ya kwanza ni unga: watu wa karibu na John Gotti, kapteni aliyepanga mauaji hayo na kurithi kiti, walinaswa kwenye kanda wakizungumzia heroini, Castellano alikuwa amepiga marufuku na adhabu ni kifo, na alikuwa akidai apewe nakala za kanda hizo. Ya pili ni msiba: naibu wake Aniello Dellacroce alifariki Desemba 2 na bosi hakwenda msibani. Ya tatu ni fedha: Castellano alijiona mfanyabiashara, akavuna ujenzi na kuku wa jumla, huku akiwakaba vijana wa mtaani.

#18 Riba_Juu_ya_Riba
Ya tatu ndiyo mama wa zote. Bosi akichukua mno chini na hagawi cha juu, anajichimbia mwenyewe. Hizo nyingine ni visingizio.

#19 Afande_Mstaafu
Si visingizio. Mtu ambaye nakala ya kanda ikimfikia bosi yeye ni marehemu hana muda wa kukokotoa asilimia. Unga ndio sababu. Gene Gotti, ndugu yake John, alikuja kufungwa miaka 50 mwaka 1989 kwa kesi iliyotokana na kanda hizo.

#20 Mzee_wa_Feri
Msiba nao msiupuuze jamani. Kutokwenda msibani kwa naibu wako ni kuwaambia watu wake kwamba wao si watu.

#21 Pampu_Namba_Nne
Mnabishana asilimia 2 wakati kodi ya petroli ilikuwa inaliwa Long Island. Huu ndio mradi uliotajirisha kuliko yote miaka ya 1980, na ulianza kwa mabadiliko ya sheria.

Zamani kodi ya mafuta New York ilikusanywa kituo kwa kituo. Jimbo likaona vituo vinakwepa, likahamishia jukumu kwa wauzaji wa jumla mwaka 1982. Matapeli wakaona mwanya. Unasajili kampuni kadhaa. A inanunua mafuta bohari bila kodi, maana wauzaji wa jumla wenye leseni walikuwa wanauziana bila kodi. A inamuuzia B kwa karatasi, B inamuuzia C, na C inamuuzia D, ambaye ni kituo, kwa ankara yenye mhuri kwamba kodi imelipwa. Mafuta yenyewe hayajazunguka, yametoka bohari moja kwa moja hadi kituoni. Mkaguzi akifika kwa C anakuta sanduku la posta na mkurugenzi aliyekwishavuka mpaka. C inakufa, inafunguliwa nyingine.

Kodi zote pamoja zilizidi senti 20 kwa galoni. Lori la galoni 8,000 ni dola 1,600 kwa safari moja, na huwezi kusema umeiba lori. Kituo kinauza bei chini ya jirani, mteja anashukuru. Michael Franzese wa Colombo, aliyefanya kazi hiyo na wahamiaji waliotoka Urusi ya Kisovieti, anadai mwenyewe kwamba wiki nzuri ilileta mamilioni.

Kilichoharibu: 1985 jimbo lilihamisha tena kodi, safari hii kwa mwingizaji wa kwanza, na mshirika mkubwa akageuka shahidi. Franzese alikiri 1986, akapewa miaka 10 na amri ya kurudisha takriban dola milioni 15.

#22 Hesabu_za_Kichwani
Hilo "anadai mwenyewe" ulilipigie mstari. Mstaafu wa Mafia anayeuza simulizi zake ana faida ya kuongeza sifuri.

#23 Mwanasheria_wa_Mtaa
Nirudi kwa mleta uzi kuhusu hatari. Hatari iliyowamaliza haikuwa risasi. Ni sheria ya RICO ya 1970.

Kabla yake, uliposhtaki ulishtaki tendo: huyu alimpiga yule, huyu alikusanya dau. Bosi hakutenda, hivyo hakushikika. RICO ikasema kuendesha genge kwa mfululizo wa uhalifu ni kosa lenyewe. Thibitisha matendo mawili ndani ya miaka 10, kila shtaka lina hadi miaka 20, na mali inataifishwa. Ongeza sheria ya 1968 iliyoruhusu kunasa mazungumzo kwa kibali cha jaji, siku 30 kwa kibali, na wanaosikiliza wazime mtu akizungumzia mambo ya nyumbani.

Wakaweka vinasa sauti nyumbani kwa Castellano, kwenye Jaguar aliyokuwa akiendeshwa Anthony Corallo wa Lucchese, na kwenye klabu ya Palma Boys ya Anthony Salerno, Harlem ya Mashariki. Hukumu ya Kamisheni ilitoka Novemba 19, 1986, wote wanane hatiani. Januari 1987 saba wakapewa miaka 100 kila mmoja, na Anthony Indelicato akapata 40 kwa mauaji ya Carmine Galante wa Bonanno.

#24 Afande_Mstaafu
Sheria ilikuwepo tangu 1970, mbona ilichukua miaka 15? RICO ilikuwa kabatini. Kilichobadilika ni watu kuanza kusema, na walisema kwa sababu ya unga. Zamani askari alifungwa miaka mitatu kwa kamari, familia ikamtunzia mke, akatoka na heshima. Kuanzia 1973 sheria za dawa za kulevya za New York zilitoa miaka 15 mpaka maisha. Nani anyamaze miaka 15 kwa ajili ya bosi asiyemjua?

#25 Riba_Juu_ya_Riba
Afande, na soko je? Mwaka 1980 jimbo lilianzisha bahati nasibu yake ya tarakimu tatu. Kadi za mkopo zikaenea. Watoto wa askari wakahamia New Jersey wakawa madaktari wa meno.

#26 Hesabu_za_Kichwani
Bahati nasibu ya jimbo inalipa 500 kwa 1, mtaani 600. Mtaani hakuna kodi, unakopeshwa dau, na mkusanyaji anakufuata hadi kwa kinyozi. Mchezo wa mtaani uliendelea kwa miaka mingi baada ya 1980, kwa hiyo sababu hiyo haijitoshelezi.

#27 Ngosha_wa_Town
Serikali imeiga biashara ya jambazi na bado bei yake ni mbaya kuliko ya jambazi. Kigoda kinanoga.

#28 Binti_Chwaka
Kwa wanaosema mabosi hawakuwa na fedha, kuna Joseph Massino wa Bonanno. Alipatikana na hatia Julai 2004, akawa bosi rasmi wa kwanza wa familia ya New York kugeuka shahidi. Aliikabidhi serikali zaidi ya dola milioni 7 taslimu pamoja na mamia ya vipande vya dhahabu. Fedha ilikuwa imekaa tu. Hawezi kununua nyumba kubwa kwa sababu mamlaka ya kodi inapiga hesabu ya mali: ulianza mwaka na nini, umemaliza na nini, umetumia nini, na tofauti imetoka wapi.

#29 Kaunda_Suti
Njia hiyo ndiyo iliyompata Al Capone, bosi wa New York aliyehamia Chicago.

#30 Mwanasheria_wa_Mtaa
Alizaliwa Brooklyn 1899, lakini New York hakuwahi kuwa bosi wa chochote. Ubosi aliupata Chicago baada ya Johnny Torrio kupigwa risasi Januari 1925 na kumwachia kiti.

Capone hakuwa na akaunti ya benki wala mali kwa jina lake, kwa hiyo walihesabu matumizi: mashati ya hariri, bili za simu, bili za nyama. Mahakama ya Juu ya Marekani ilishasema 1927 kwamba kipato haramu nacho kinatozwa kodi. Kisha wakapata vitabu vya jumba la kamari la Cicero, nje ya Chicago, na mweka hazina aliyeviandika. Kilichomuumiza zaidi ni barua ya mwanasheria wake mwenyewe, aliyekadiria kipato cha mteja ili wapatane kodi. Barua ikawa ushahidi. Miaka 11 na faini ya dola 50,000, Oktoba 1931. Katika mashtaka zaidi ya 20, matano tu ndiyo yaliyosimama.

#31 Mwana_wa_Kizingo
Salamu kutoka Mombasa. Mahakama hiyohiyo ya shirikisho ya Manhattan iliyohukumu Kamisheni ndiyo iliyowahukumu ndugu wawili Akasha wa hapa kwetu. Baba yao Ibrahim aliuawa Amsterdam Mei 2000. Wana, Baktash na Ibrahim, walikamatwa Novemba 2014 katika mtego wa maajenti wa Marekani waliojifanya wanunuzi: kilo 99 za heroini na kilo 2 za methamfetamini. Wakapelekwa New York Januari 2017, wakakiri Oktoba 2018. Baktash miaka 25 mwaka 2019, Ibrahim 23 mwaka 2020.

Jambo la kutazama, ati, ni miaka miwili ya katikati. Kesi ya kupelekwa Marekani ilisogezwa na kusogezwa, na baadaye wakakiri pia kwamba walitoa hongo kwa maafisa Kenya. Hongo hununua muda, lakini muda ukiisha hurudi kuwa shtaka la ziada.

#32 Afande_Mstaafu
Na humo tena mshirika, Vicky Goswami, aligeuka upande wa serikali. Kwa hiyo narudi kwenye namba 24: ni vifungo virefu.

#33 Mwana_wa_Kizingo
Afande, kwa huku kwetu mimi nasema ni mpaka. Maadamu uko nyumbani unajua nani wa kumpigia simu. Ukishapandishwa ndege, simu haina namba.

#34 Riba_Juu_ya_Riba
Sammy Gravano, naibu wa Gotti, alikiri kushiriki mauaji 19, akafungwa miaka 5 tu kwa sababu alitoa ushahidi dhidi ya Gotti 1992. Mkataba gani mwingine unalipa hivyo? Kisha mwaka 2000 akakamatwa Arizona kwa vidonge vya ekstasi, akapigwa 20.

#35 Pampu_Namba_Nne
Huyo Gravano alitoa ushahidi kwamba kwa mwaka alimpelekea Gotti zaidi ya dola milioni 1 kutoka ujenzi peke yake. Na kwenye karatasi Gotti alikuwa muuzaji wa vifaa vya mabomba.

#36 Mzee_wa_Feri
Mnazungumza kana kwamba wameisha. Genovese wapo. Januari 2011 watu wa familia mbalimbali zaidi ya 100 walikamatwa kwa siku moja, na Oktoba 2025 yamefunguliwa mashtaka ya poka iliyochezewa, na mashine za kuchanganya karata zinazosoma karata za kila mtu, familia kadhaa zikitajwa. Ni mashtaka tu, kesi ziendelee. Lakini mtu aliyekufa hashtakiwi.

#37 Kisiki_cha_Mpingo
Na mwaka 2019 Frank Cali wa Gambino alipigwa risasi mbele ya nyumba yake Staten Island. Vita vipo.

#38 Binti_Chwaka
Cali hakuuawa na Mafia. Aliyempiga ni kijana wa nje kabisa, mwenye njama zake za mtandaoni, na mahakama ilimwona hana akili timamu ya kushtakiwa. Tangu Castellano 1985 hakuna bosi wa New York aliyeuawa na wenzake.

#39 Hesabu_za_Kichwani
Mkimtaja mwenye akili timamu, tumsahau Vincent Gigante wa Genovese? Alitembea Greenwich Village na joho la kulalia, akinong'ona peke yake. Watu wake walikatazwa kutaja jina, waligusa kidevu. Alishtakiwa 1990, kesi yenyewe ikaja kusikilizwa 1997. Joho lilimnunulia miaka saba huru akiwa bosi. Gotti kwa suti zake za gharama alikaa juu miaka mitano tu kabla hawajamkamata.

#40 Mwanasheria_wa_Mtaa
Ongeza na gharama zake. Alipewa miaka 12, na 2003 akakiri mbele ya jaji kwamba ukichaa ulikuwa wa kuigiza, akaongezewa 3 kwa kuzuia haki. Alifia hospitali ya gereza Springfield, Missouri, Desemba 2005. Gotti alifia hapohapo 2002.

#41 Riba_Juu_ya_Riba
Miaka saba ya kuvuna kwa miaka mitatu ya nyongeza. Mimi nasaini.

#42 Binti_Chwaka
Ungesaini na kutembea na joho la kulalia Januari, barafu magotini?

#43 Kaunda_Suti
Riba, hujajibu: askari wa Gigante alipata nini katika hiyo miaka saba? Na mwenye nondo za taka aje. Nasikia kila duka lilikuwa "mali" ya kampuni moja ya kuzoa, hata likihama.

#44 Fundi_Zege
Si duka, ni anwani. Mpangaji akihama, anayeingia anarithiwa na mzoaji yuleyule kwa bei ileile, na kampuni zilikuwa zikiuziana anwani hizo kama viwanja. Mwenye kumwibia mwenzake mteja alilipa fidia ya mteja mwingine au fedha. Kampuni kubwa ya nje ilipojaribu kuingia, meneja wake alikuta kichwa cha mbwa nyumbani na karatasi ya kumkaribisha New York. Hiyo ilikuwa 1993, na 1995 mashtaka yakaja kwa kazi ya mpelelezi mmoja wa polisi aliyekuwa amejifanya mtu wa kampuni ya kuzoa. Bei za taka za maofisi zilishuka sana baada ya hapo. Askari wa chini hapo alipata kazi ya kwenye karatasi: jina kwenye orodha ya mishahara, bima ya afya ya familia, na haendi kazini.

#45 Afande_Mstaafu
Bima ya afya. Marekani hiyo si kitu kidogo, Kaunda Suti.